Paka mwenyeji, mbwa mgeni

Mhariri, wiki hii mmeuliza: "Ukileta mnyama mgeni nyumbani, unafanyaje asipigane na mwenyeji?" Naanza na nilivyokosea.

Nakaa Igogo, Mwanza, juu mlimani, nyumba imeegemea jiwe kubwa. Paka wangu, Chaurembo, ana miaka sita na anaamini mimi ndiye mpangaji wake. Mwaka jana kaka yangu aliniletea mbwa wa miezi mitano, mlafi wa kumeza bila kutafuna, tukamwita Sangara. (Jina linamfaa. Sangara, yule samaki mkubwa wa Ziwa Victoria, naye aliletwa miaka ya 1950, wenyeji hawakuulizwa, na furu wengi, samaki wadogo wa humo, wakaishia tumboni mwake.)

Siku ya kwanza nilimbeba paka nikamsogeza puani pa mbwa, eti wasalimiane. Kovu ninalo mkononi. Chaurembo akapanda juu ya jiwe, siku mbili anashuka usiku tu kula dagaa. Jirani akasema niwafungie chumba kimoja wamalizane. Huo ni ukatili, na mmoja angetoka bila jicho.

Nilipompeleka Sangara kuchanjwa kichaa cha mbwa, daktari wa mifugo aliniambia nianze upya, na nianze na pua. Basi mbwa akahamia stoo, mlango umefungwa. Kanga kuukuu anayolalia paka nikaiweka kwa mbwa, gunia la mbwa nikalitandika karibu na bakuli la paka. Siku ya kwanza Chaurembo alilifokea gunia kama linamdai. Sikumlazimisha. Siku ya nne alikula pembeni yake.

Hapo nikawalisha pande mbili za mlango, mabakuli nikiyasogeza kidogo kidogo. Mmoja akigoma kula, narudisha nyuma. Kuonana kulikuja baadaye: mbwa kafungwa kamba, tena keshachoshwa na matembezi, na dirisha la kuelekea kwenye jiwe liko wazi ili paka asijione amebanwa. Dakika chache tu, kisha basi.

Wengi huogopa mbwa anayebweka. Mimi naogopa zaidi anayenyamaza ghafla, mwili umekakamaa, macho hayabanduki kwa paka. Namwita, akigeuka anapata dagaa, asipogeuka anarudi stoo. Kwa paka, mkia ukifura na masikio yakilala, siku hiyo imeisha.

Ilichukua wiki tano. Dada yangu aliniona mjinga kutumia muda wote huo kwa ajili ya mbwa na paka, lakini yeye hana kovu.

Wenye kuku, kwenu hofu kubwa ni ugonjwa kuliko ugomvi. Kuku mgeni mtengeni wiki mbili kabla hajachanganyika na wenzake, asije akawaletea kideri.

Mpaka leo nikienda sokoni, Sangara namfungia stoo. Siwaachi peke yao. Gunia lake lakini limeshachukuliwa. Analilalia Chaurembo, mwenye gunia yuko sakafuni.