Kabla ya Kuamini Maelezo ya Filamu ya Zamani

Kazi yangu ni kuwatafutia watengenezaji wa makala za televisheni filamu za zamani, na kwa kuwa ninaishi Tanga, nyingi ninazoagizwa ni za mkonge, reli na bandari. Wanaoanza hudhani ugumu uko katika kuipata filamu, ilhali tunacholipwa hasa ni kuthibitisha kwamba ni ya mahali na wakati unaotajwa.

Kutafuta kwenyewe kunataka majina ya zamani. British Pathé, maktaba ya Uingereza ya filamu za habari za zamani, iliweka mtandaoni filamu zipatazo 85,000 mwaka 2014, lakini ukiandika "Tanzania" pekee utayakosa mengi yaliyoorodheshwa kwa jina la Tanganyika.

Ukishaipata, yatilie shaka maelezo yake, kwani huenda yaliandikwa London na mtu asiyewahi kufika huku. Shamba la mkonge peke yake si ushahidi, maana hata Thika nchini Kenya mkonge ulilimwa. Tazama meli: kabla ya upanuzi wa miaka ya karibuni, meli kubwa zilitia nanga mbali na gati la Tanga na shehena ikaletwa kwa matishari, yaani mashua bapa za mizigo, kwa hiyo filamu ya miaka ya 1950 inayoonyesha meli kubwa ikipakuliwa gatini si ya hapa, hata maelezo yakiapa. Tazama pia injini ya treni, kwa sababu reli ya Tanganyika iliunganishwa na ya Kenya na Uganda mwaka 1948, na herufi za shirika hilo la pamoja haziwezi kuonekana kabla ya hapo. Kisha wapelekee wazee waliofanya kazi bandarini, ila usiwaambie kwanza maelezo yanasema nini. Mzee wa pwani ana adabu, na anaweza kukukubalia ili asikuvunje moyo.

Uliza pia habari za sauti. Kati ya 1935 na 1937, mradi uliokuwa Vugiri, katika milima ya Usambara, ulitengeneza filamu 35 za kuwaelimisha Waafrika, na sauti zake ziliwekwa kwenye sahani za santuri, mbali na picha. Zilizosalia ni chache, na filamu ya namna hiyo ikikufikia bubu haimaanishi kwamba ilitengenezwa bubu.

Suala la haki lishughulikie kabla mhariri hajaizoea picha. Leseni hutolewa kwa nchi, kwa muda na kwa njia ya kuonyesha, na bei huhesabiwa kwa sekunde au dakika, mara nyingi kukiwa na kiwango cha chini ambacho lazima ukilipe hata ukitumia kipande kifupi. Anayelipia televisheni ya Tanzania peke yake huona amebana matumizi, mpaka tamasha la nje linapoitaka filamu yake. Muziki uliomo unaweza kuwa na mwenyewe mwingine. Na kila kipande unachokichukua kwenye nakala ya kutazamia, yenye nembo ya maktaba, kiandikie namba yake, dakika na sekunde kinapoanza na kinapoishia, kwani hizo ndizo utakazoagizia nakala safi.