Uliza Jina la Mahali: Ushauri kwa Anayeshika Barabara ya Isiolo hadi Moyale

Mara ya kwanza kufika Moyale nilijisifu wiki nzima. Nilipanda basi Eastleigh jioni, nikalala, nikashtukia tumefika Marsabit, nikanywa chai, na kabla ya adhuhuri nilikuwa Moyale, mpakani na Ethiopia, najipiga picha. Niliporudi Umoja, jirani yangu, mzaliwa wa Sololo, aliniuliza swali moja tu: "Dida Galgalu umeionaje?" Nikamwambia uwanda ule una mawe meusi mengi. Akatabasamu, akaanza kuzungumzia mpira.

Nimerudi huko mara nne tangu hapo, na mara zote nimekwenda polepole. Wanaoniuliza waanzie wapi huwa wanangoja niwatajie vituo. Vituo nitavitaja, ila kazi yenyewe ni kuuliza majina ya mahali, na kumwuliza zaidi ya mtu mmoja.

Anza hapa Nairobi kabla hujatafuta tikiti. Nenda makumbusho ya taifa, usimame mbele ya sanamu ya ndovu mwenye pembe zinazokaribia kugusa ardhi. Sisi tulioletwa pale na basi la shule tulikimbilia nyoka, ndovu tukampita. Anaitwa Ahmed, na kwao ni msitu wa Marsabit. Mwaka 1970 Rais Jomo Kenyatta alitoa amri kwamba asiguswe na mwindaji yeyote, akawekewa askari wa kumlinda usiku na mchana. Alikufa mwaka 1974 kwa uzee wake. Mtazame vizuri ili ukifika Marsabit uwe na la kuuliza. Mgeni anayekuja na swali kuhusu Ahmed hukaribishwa tofauti na yule anayeuliza Wi-Fi iko wapi.

Njiani, kabla hujaingia mji wa Nanyuki, utapita mstari wa ikweta. Hapo kuna vijana wenye beseni lenye tundu na kijiti cha kiberiti. Upande mmoja wa mstari maji yanazunguka kulia, upande wa pili kushoto, na juu ya mstari yanashuka wima. Ukweli ni kwamba nguvu ya mzunguko wa dunia ni ndogo mno kuamua mambo ya beseni. Anayeamua ni mkono unaomimina. Mimi hulipa bado. Ni mchezo mzuri, na yule kijana anajua barabara iliyo mbele yako kuliko simu yako.

Isiolo ndipo mambo yanapobadilika, na utayasikia masikioni kwanza. Mzee mmoja pale stendi aliniuliza, "Kijana, umetoka Kenya lini?" Nikadhani ananitania. Hakuwa akitania. Watu wengi wa kaskazini husema "Kenya" wakimaanisha huku kwetu, kusini ya Isiolo. Msemo huo una historia ndefu. Wakati wa ukoloni eneo lote hilo lilifungwa, hukuingia wala kutoka bila kibali. Uhuru ulipokuja vikafuata vita vya Shifta, kati ya serikali na Wasomali waliotaka kujitenga na Kenya, 1963 hadi 1967, na hata baada ya hapo, kwa miaka mingi, magari yalikwenda kwa msafara na askari wenye bunduki. Barabara ya lami kutoka Isiolo hadi Moyale, karibu kilomita 500, ni ya juzi tu. Kabla yake ilikuwa siku mbili au tatu juu ya lori la ng'ombe, umeng'ang'ania vyuma, ng'ombe wako chini ya miguu yako. Kwa hiyo usimrekebishe mzee. Mwambie umetoka Kenya jana, kisha umwombe akueleze.

Lami ni baraka, lakini imeua vituo. Lori lilipoharibika Laisamis watu walikaa chini ya mti kutwa nzima, na hadithi zikapata muda. Sasa basi linapita Laisamis kabla hujamaliza kumenya ndizi. Usikate tikiti moja ya kutoka Nairobi hadi Moyale. Kata vipande vipande: Isiolo, Marsabit, Turbi, Moyale. Kuna matatu na pikipiki, na utalala salama mijini ukiuliza mapema. Usitembee usiku. Ukiwa na gari lako, jaza mafuta Isiolo na Marsabit, maji beba mara mbili ya unayodhani yatatosha, na waulize polisi wa vizuizini hali ilivyo huko mbele. Wao wamechoka kukaa peke yao, wataongea.

Archer's Post, ng'ambo ya mto Ewaso Ng'iro, inabeba jina la afisa wa kikoloni, Geoffrey Archer. Ukitoka hapo utaona mlima uliokatwa juu kama meza: Ololokwe, mlima mtakatifu wa Wasamburu. Ukitaka kuupanda, panda na mwenyeji. Na kitu kimoja ambacho vitabu vya watalii husahau: majeshi, likiwemo la Uingereza, yamefanya mazoezi ya silaha katika nyanda hizi kwa miaka mingi, na wafugaji wameuawa na kukatwa viungo na makombora yaliyoachwa bila kulipuka. Mwaka 2002 serikali ya Uingereza ilikubali kuwalipa fidia waathiriwa wengi. Ukiona chuma usichokijua kwenye mchanga, kiache na umwite mtu.

Marsabit mlimani kuna ukungu asubuhi, na aliyetoka Nairobi bila sweta atajuta. Jina? Wapo wanaokwambia ni la Kiamhari, Marsa Bet, nyumba ya Marsa, mkulima wa Kiburji aliyeletwa kulima huko. Wenyeji Waborana wenyewe wanauita mlima Saku. Nilipomtaja Ahmed kwenye hoteli ya chai, wazee wawili waliacha karata na kubishana juu ya uzito wa pembe zake hadi chai yangu ikapoa. Ndani ya msitu kuna kreta zinazoitwa gof, na moja ina ziwa lililopewa jina la Paradise. Wamarekani wawili, Martin na Osa Johnson, waliishi kando yake miaka ya 1920 wakipiga picha za wanyama. Mwaka wenye ukame unaweza kulikuta ziwa limekuwa nyasi. Nenda tu.

Sasa Dida Galgalu. Ukishuka kutoka Marsabit kuelekea Turbi, miti inakwisha ghafla kama imeambiwa ikome hapo. Mbele yako ni mawe meusi ya volkeno, makubwa kama vichwa vya watoto, hadi macho yanapochoka. Saa nane mchana hewa juu yake inatetemeka na unaona maji yasiyokuwepo. Dereva wangu aliniambia maana yake ni uwanda wa giza, kwa sababu dida ni uwanda na galgala ni jioni. Nikaandika kwenye daftari, nikapiga mstari chini, nikaridhika.

Turbi niliingia kwenye kibanda cha mama mmoja mwenye shuka la kijani. Alinimiminia chai ya maziwa ya ngamia. Ina ladha ya moshi, maana vibuyu vya maziwa hufukizwa kwa kuni. Nikajitia ujuzi, nikamwambia, "Mama, najua maana ya Dida Galgalu." Mjukuu wake akamtafsiria. Mama akaweka birika chini, akacheka mpaka akajifuta macho kwa ncha ya shuka. "Mwanangu," akasema kupitia mjukuu, "Galgalu ni mtu." Mwanamke aliyejaribu kuvuka uwanda huo, kiu ikamuua, akazikwa humo. Nikauliza, basi dereva amekosea? Akashangaa swali lenyewe. Dereva amesema lake, yeye amesema lake.

Nilifuta ule mstari. Siku hizi kila jina nalitengea ukurasa mzima, na pembeni naandika aliyesema, wapi, na kwa lugha gani. Tabia hiyo imenifaa hata upande wa Turkana. Kwenye barabara ya Lodwar kwenda Kalokol kuna nguzo za mawe zimesimama mchangani, Namoratunga. Wanaakiolojia wanahesabu umri wake kwa maelfu ya miaka. Waturkana wanasimulia kwamba walikuwa wachezaji ngoma waliomcheka pepo mbaya, akawageuza mawe. Yote mawili yamo daftarini, kurasa zinazotazamana.

Picha, omba kwanza. Ukikataliwa, kunywa chai yako. Na usirudi mikono mitupu. Mimi nilimletea jirani yangu mkebe wa nyirinyiri, vipande vya nyama vilivyokaangwa na kuhifadhiwa kwa mafuta. Alipokuwa akitafuna nikamsomea maelezo yote mawili ya Galgalu, nikamwuliza lipi ni la kwao Sololo. Akafuta mafuta vidoleni, akampigia mamake simu. Waliongea Kiborana kwa dakika ishirini nzima, sauti ya mama ikipanda na kushuka, nami kalamu mkononi. Alipokata simu nikamwuliza amesemaje.

"Anauliza utakwenda lini akueleze mwenyewe."