Pasi ya nywele ilinitoa machozi, sasa nimeijulia

Jana usiku dada mmoja kanitumia picha ya nywele zake baada ya kupiga pasi, mbele zimenyooka kama za mdoli, nyuma bado kipilipili, anauliza afanyeje zirudi. Pole mpenzi, zikishaungua hivyo hazirudi. Nakwambia kwa uchungu maana yalinikuta.

Ilikuwa sendofu ya binti wa mama mdogo. Nywele nimezilea miaka mitatu bila dawa, nikaingia saluni moja Sinza, foleni ndefu, dada wa watu ana haraka, draya kapitisha juu juu katikati bado mbichi akabandika pasi. Tsssss! Nikaona moshi, yeye anacheka eti ni mafuta tu hayo. Mafuta gani, harufu ilikuwa ya kuku anayebabuliwa! Kumbe maji yakichemka ndani ya unywele yanautoboa toboa. Na mimi mjinga nikanyamaza, kwa sababu nikijiangalia kwenye kioo nimependeza jamani. Jumapili naosha, kipande cha mbele kimelala doro, kimegoma kabisa kujikunja. Nikakata na mkasi wa jikoni huku nalia.

Leo zimepita mabega na wale waliosema nywele zangu hazikui wapite hapa waangalie vizuri.

Sasa sikilizeni wanangu. Pasi haigusi nywele mbichi, hata kidogo. Hiti protekta, ile dawa ya kukinga nywele na moto, napaka kabla ya draya, nachana mpaka ncha ziipate, na haizuii moto, inaupunguza makali tu. Mafuta ya nazi sio kinga, hapo unakaanga. Pasi yangu naiweka digrii 180, nyingi zinafika 230 na masaluni mengine wanaipandisha mpaka mwisho ili wamalize haraka, nywele zako wao zinawahusu nini? Fungu dogo, mara moja, basi. Halafu joto la Dar na unyevu wake mnavijua, ukifika Ubungo tu zishaanza kujikunja na kesho asubuhi mkono unawasha kushika pasi tena, hapo ndipo wengi mnapojimaliza. Zibane. Nasema tena, nywele mbichi na pasi ni maadui!

Wewe wa picha, kata sentimita moja kila mwezi, ukishakata usuke, nywele zinaota karibu hivyo hivyo kwa hiyo hakuna atakayejua. Na hiyo pasi yako isiyo na namba za joto mpe mtu, au hapana, usimpe mtu, itupe.