Yule Tajiri wa Fabiano Hakuwa na Shamba

Wadogo zangu, juzi nimepitia rasimu tatu za mwaka wa kwanza kuhusu Cinema Novo, lile wimbi la filamu za Brazil la miaka ya 1960. Zote zina mwongozaji Glauber Rocha, zote zina njaa, zote zina ule mwanga unaochoma macho wa sertão, nyika kame za bara. Waigizaji? Wamo kwenye mabano. Nikacheka peke yangu, kisha nikanyamaza, maana mimi niliwahi kuboronga kuliko ninyi. Basi shikeni haya matano.

1. Filamu kwanza, makala baadaye. Mnajua ninamsema nani.

2. Usimzulie mtu kazi. Hapa ndipo nilipoungua, kwa hiyo mnivumilie.

Ilikuwa semina kuhusu "Vidas Secas", filamu ya mwaka 1963 ya Nelson Pereira dos Santos. Mnaikumbuka sehemu ya hesabu: Fabiano, mchunga ng'ombe maskini, anakwenda kuchukua ujira wake, anaona fedha hazifiki, analalamika. Tajiri anamwambia kama hataki akatafute kazi kwingine. Fabiano anafyata, anaomba radhi. Nilimrudia yule tajiri mara nne. Hakuwa na dalili yoyote ya kuigiza. Alikuwa kama mtu aliyekatiza shughuli zake kidogo, akadhulumu, akaendelea na shughuli zake. Nikajiambia, huyu kaokotwa hukohuko. Nilikuwa nimesoma mahali kwamba Nelson alitumia pia watu wa kawaida wa mji wa Palmeira dos Índios, jimbo la Alagoas. Nikajumlisha moja na moja, nikapata kumi na moja: nikaandika kwamba yule ni coronel halisi, yaani bwana mkubwa wa mashamba, mnyonyaji aliyejianika mwenyewe mbele ya kamera bila kujua. Kurasa kumi na mbili! Usiku nilizisoma kwa sauti, nikajipigia makofi.

Siku ya kuwasilisha, mwalimu alinisikiliza hadi mwisho bila kunikatiza. Kumbe upole ule ulikuwa na yake. Akauliza, "Na shamba lake liko wapi?" Nikaanza kupekua karatasi, kana kwamba shamba limejificha humo. Akasema taratibu, "Huyo ni Jofre Soares. Alikuwa baharia."

Darasa zima likaangua kicheko. Aliyecheka zaidi ni rafiki yangu niliyemwazima daftari.

Mambo yenyewe yalikuwa hivi: Jofre alizaliwa Palmeira dos Índios mwaka 1918, akatumikia jeshi la majini miaka mingi, akastaafu, akarudi kwao akawa anafanya maigizo ya ridhaa na sarakasi. Huko ndiko Nelson alikomkuta, umri umeshapita miaka 40. Kile nilichokiita uhalisi kilikuwa kazi ya mtu. Nilimpokonya ufundi wake kwa sababu tu aliujua vizuri, na hilo linaniuma kuliko kile kicheko.

3. Mnapotafuta, andikeni Jofre na Joffre. Orodha za waigizaji hazikubaliani.

4. Mfuateni mtu kutoka filamu hadi filamu. Mwaka 1965 Jofre ni Joãozinho Bem-Bem, mkuu wa majambazi, katika "A Hora e a Vez de Augusto Matraga". Mwaka 1967 kavaa kanzu ya padri katika "Terra em Transe". Mwaka 1969 Glauber anamfanya coronel kipofu. Mwenye ardhi, mwenye bunduki, mwenye msalaba: watu wote waliomkalia mkulima wa kaskazini-mashariki kichwani, uso mmoja. Hakuna kitabu kilichonifundisha sertão kama uso huo. Halafu anakuja Zé da Luz wa "Bye Bye Brasil", 1979, mzee anayezunguka vijijini na projekta yake wakati televisheni inampokonya watazamaji. Pale huwa namsamehe udhalimu wote wa nyuma. Nilipoiona mara ya kwanza nilisimamisha filamu nikaenda kuchemsha chai, kumbe nilikuwa nakwepa kulia.

5. "Wahusika wengine" si jina la mtu. Tajiri wa Fabiano anaonekana dakika chache tu, lakini mtoe uone: filamu inabaki ya ukame, kana kwamba lawama yote ni ya mawingu.

Rasimu nimezirudisha. Mwenye ile yenye "mkulima mmoja wa kijijini" ukurasa wa sita asinikimbie. Aje tunywe chai, nitamwonyesha karatasi yangu.