Yule kijana wa kwenye kifaru ndo huyu askofu?

SWALI: Shikamoo dada mhariri. Nimeangalia Kler, ile filamu ya Poland ya 2018, yule mzee aliyecheza askofu mkuu kanitisha kweli. Rafiki yangu anasema eti huyo Janusz Gajos ndo alikuwa kijana shujaa kwenye tamthilia ya vita ya zamani. Mi nakataa. Ni yeye kweli?

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Ni yeye kabisa, rafiki yako hajakudanganya. Gajos kazaliwa 1939, shule ya filamu ya Łódź ilimtosa zaidi ya mara moja na bado akarudi mpaka wakamchukua. 1966 akaanza kuonekana kama Janek Kos kwenye Czterej pancerni i pies, yaani askari wanne wa kifaru cha vita na mbwa wao, tamthilia ya vipindi 21, Poland nzima ikampenda.

Sasa mapenzi yenyewe ndo yalimponza, maana kila akitokea watu wanamwona Janek tu, na muongozaji gani atampa kijana wa watu kazi ya ukatili? Miaka ya sabini akaingia kwenye kabaree ya TV ya Olga Lipińska, akachekesha watu sana, ila hapo napo akabandikwa jina jingine, mchekeshaji.

Kwangu mimi kilichomtoa ni filamu ya Przesłuchanie, yaani Mahojiano, ya muongozaji Ryszard Bugajski, ilimalizika 1982, humo ni ofisa wa usalama enzi za Stalin anayemhoji mwanamke asiye na kosa, aliyechezwa na Krystyna Janda, na uso ni ule ule watu waliozoea kuupenda, ndo maana inauma. Serikali ikaizuia, watu wakawa wanaiangalia kwa kujificha kwenye kanda za video mpaka ilipoachiwa 1989.

Halafu tafuta filamu ya Trois couleurs: Blanc ya muongozaji Kieślowski, 1994. Anacheza Mikołaj, mtu aliyechoka kuishi anayemlipa rafiki yake amuue. Wako chini kwenye metro ya Warsaw, risasi inalia, Gajos anaanguka, kumbe ni baruti tupu. Anafumbua macho. Rafiki anamuuliza, inayofuata ni ya kweli, una uhakika? Angalia uso wake hapo kabla hajajibu, mdogo wangu, mi huwa narudisha nyuma kila mara.