Maswali ya wasomaji: plazma ya gereji, ya radi na ya redio

Toleo lililopita niligusia plazma kwa mistari michache tu, kwamba gesi ikipewa nguvu ya kutosha elektroni zinang'oka kwenye atomu zake, zinabaki zinazurura humo humo na ioni, yaani zile atomu zilizopoteza elektroni, na kuanzia hapo hiyo gesi inapitisha umeme na inasikia sumaku. Nikasema jua, radi na taa ya tyubu ni ukoo mmoja. Meseji zilizokuja ni nyingi, nimechukua hizi tano kwa sababu zinauliza vitu ambavyo watu wa huku nyanda za juu wanavishika kwa mikono kila siku.

Habari za kazi mwalimu. Mi nachomelea mageti na madirisha hapa Mwanjelwa, Mbeya. Jirani yangu kaleta mashine wanaiita plazma, inakata stenlesi safi kabisa, wakati mimi nikiikata kwa mtungi wa asetilini inayeyuka ovyo tu. Hiyo gesi ya plazma inauzwa wapi, na kujaza ni shilingi ngapi?

Nzuri fundi, pole na kazi. Hiyo gesi haiuzwi popote, ni hewa hii hii ya kompresa. Ndani ya kile kichwa cha kukatia kuna elektrodi, mbele yake kuna ncha ya shaba yenye tundu dogo sana, hewa inasukumwa kwa presha ipite hapo na umeme unaruka kutoka kwenye elektrodi kwenda kwenye chuma chako, ndo maana lazima ubane klempu ya ethi kwenye kipande unachokata na ndo maana mbao haikati, na kwa vile tundu ni jembamba ule moto unabanwa unakuwa uzi mmoja mkali unaofika nyuzi 20,000 na kuzidi. Hakuna chuma kinachohimili hapo.

Mtungi wako nao hauna kosa, ila unafanya kazi kwa njia nyingine kabisa. Asetilini inapasha chuma mpaka kinaiva, halafu oksijeni ndo inakiunguza, na ile oksaidi ya chuma inayeyuka mapema ikapeperushwa. Stenlesi ina kromiamu ndani yake, na oksaidi ya kromiamu haiyeyuki kirahisi, inafunika sehemu yote oksijeni ikakosa pa kuingilia. Alumini hivyo hivyo, yenyewe inayeyuka kwenye nyuzi 660 lakini oksaidi yake inataka zaidi ya 2,000.

Lakini fundi, nataka ujue kwamba wewe plazma unaitengeneza kila siku tangu ulipoanza hii kazi. Ukigusisha rodi kwenye chuma halafu ukaivuta kidogo, ncha inakuwa ya moto, elektroni zinatoka kwa kasi, zinagonga atomu za hewa na za mvuke wa chuma, kila moja inang'oa nyingine nazo zinagonga nyingine, na ndani ya muda mfupi kuliko kupepesa jicho ile nafasi iliyokuwa hewa tu imekuwa njia ya umeme. Mwenye mita apime: kabla hujaanza kuchoma mashine inatoa volti kama 60 hadi 80, ukishaanza zinashuka mpaka 20 na kitu huku ampia zikipanda mia na kuendelea. Yaani volti 20 tu zinapitisha ampia 100 hewani! Hewa ya kawaida haiwezi hilo hata kidogo, plazma inaweza.

Mambo mawili ya kazi. Mwambie jirani yako aweke chujio la maji kwenye kompresa yake, maana unyevu wa masika ya Mbeya ukiingia kwenye hewa unakula zile ncha haraka na ncha ndo gharama yenyewe. La pili ni macho. Mwanga wa huo moto una mionzi ya UV inayounguza macho kimya kimya, maumivu yanakuja usiku kama mchanga uliomwagwa jichoni, na miwani ya jua haizuii. Kioo cheusi namba 10 hadi 12, na wale watoto wanaosimama kukuangalia uwafukuze, wao hawajui wanachokitazama.

Shikamoo mwalimu. Niko kidato cha nne, Mafinga. Umeandika kwamba elektroni ndani ya tyubu ya taa zina joto la nyuzi elfu kumi na kitu. Mbona nikiishika tyubu inayowaka ni vuguvugu tu? Na je moto wa kuni nao ni plazma?

Marahaba mwanangu. Ni kweli kabisa, ziko karibu na nyuzi 11,000 na mkono wako hauungui, na hili ndo swali bora zaidi kwenye meseji zote za safari hii.

Joto ni kasi ya chembe, sawa. Ila ndani ya ile tyubu gesi imebaki kidogo mno, presha yake ni kama moja ya mia tatu ya hewa unayovuta, na elektroni zenyewe ni nyepesi kupita maelezo, atomu moja ya agoni, gesi iliyojazwa humo, ina uzito wa elektroni zaidi ya 70,000. Umeme unazikimbiza hizo elektroni, zinagonga atomu za agoni, lakini ni sawa na kurusha punje ya ulezi kwenye lori la magogo ya msitu wa Sao Hill, punje inaruka pembeni na lori halina habari. Kwa hiyo ndani ya gesi moja kuna joto mbili kwa pamoja, la elektroni ni kali ajabu na la atomu ni la kawaida tu, na kioo kinagusana na atomu. Kwenye kuchomelea ni kinyume, pale presha ni ya hewa kamili, zinagongana mara nyingi mno mpaka zote zinalingana joto, ndo maana pale chuma kinayeyuka.

Sasa kwa nini tuzihangaikie hizo elektroni? Kwa sababu mle ndani kuna zebaki kidogo, elektroni ikiipiga atomu ya zebaki inaitoa mionzi ya UV, na ule unga mweupe uliopakwa ndani ya kioo unaibadilisha kuwa mwanga wa kusomea. Asubuhi za baridi za Juni kule Makete na Njombe utaona tyubu inasuasua, stata inapiga piga na mwanga hafifu, ni kwa sababu zebaki haijapata joto la kuwa mvuke wa kutosha. Tyubu ikivunjika usiifagie ukiwa umeinamia, fungua madirisha kwanza.

Moto wa kuni una elektroni huru chache sana, siwezi kuuita plazma. Cheche ya plagi ya bodaboda ndiyo.

Mimi ni mkulima wa mahindi na kahawa, Mbozi. Wazee wetu wanasema mvua ya radi inastawisha mahindi kuliko maji ya pampu. Ni kweli radi ina mbolea? Na kama ni kweli kwa nini tununue mifuko kwa bei hii?

Ndugu yangu, wazee wako sahihi kwa asili ya jambo, ila kwa kiasi hapana.

Hewa karibu asilimia 78 ni naitrojeni, lakini imefungamana mbili mbili kwa nguvu kiasi kwamba mmea wa mahindi hauwezi kuila. Radi inapopiga, ile njia yake nyembamba inafika karibu nyuzi 30,000, mara tano ya uso wa jua, naitrojeni inaachana, inashikana na oksijeni, inaingia kwenye matone na kushuka kama naitreti. Hiyo ni mbolea halisi, mmea unaijua. Shida ni kwamba radi zote za dunia kwa mwaka mzima zinakadiriwa kutoa tani milioni 2 hadi 8 za naitrojeni, na hizo zinagawanywa mpaka baharini na jangwani, kwa hiyo hekta yako haifikishi hata kilo chache. Mfuko mmoja wa yurea wa kilo 50 una kilo 23 za naitrojeni. Mfuko usiuache.

Ila kuna watu walijaribu kuifuga radi, na hii habari mi inanigusa sana. Mwaka 1903 kule Norwei mwanasayansi Kristian Birkeland na mhandisi Sam Eyde walichukua moto wa umeme kama ule wa kuchomelea, wakaweka sumaku kubwa pembeni, ule moto ukatanuka ukawa sahani ya plazma inayong'aa, na kwenye matanuru makubwa sahani ilifika upana wa mita kama mbili. Wakapitisha hewa ndani yake, wakapata asidi ya naitriki, wakaichanganya na chokaa ikawa mbolea ya kalsiamu naitreti. Kiwanda kikaanza Notodden mwaka 1905, kwa umeme wa maporomoko ya maji. Kampuni iliyozaliwa pale ni Norsk Hydro, na tawi lake la mbolea lilijitenga mwaka 2004 likaitwa Yara, jina ambalo wewe umelisoma kwenye mifuko dukani. Njia ya plazma ilikufa kwa sababu inakula umeme mwingi kuliko njia ya Wajerumani, Haber na Bosch. Siku hizi watafiti wameirudia, wanataka mitambo midogo itakayotumia umeme wa jua au wa maji karibu na shamba lenyewe. Nchi yenye mito kama yetu na wakulima wanaopigwa na bei za mbolea za kutoka nje inatakiwa iwe na vijana wake kwenye huo utafiti, nalisema hili kwa moyo wote.

Ukiwa shambani ukaona mwanga, hesabu sekunde mpaka ngurumo, kila sekunde 3 ni kilomita 1. Usikimbilie mti, ingia nyumbani au ndani ya gari lenye bodi ya chuma, na usitoke mpaka ipite nusu saa tangu ngurumo ya mwisho. Na niseme wazi, radi haitumwi na mtu. Chaji za wingu zinatafuta njia ya ardhini, basi. Bibi wa jirani asihukumiwe kwa sababu ng'ombe wa mtu wamekufa chini ya mti.

Mwandishi, mimi ni mstaafu, niko Tukuyu. Usiku redio yangu inashika stesheni za mbali za nje, mchana zinapotea. FM ya Mbeya mjini nayo inakatika katika. Ni redio mbovu?

Shikamoo mzee wangu. Redio ni nzima. Juu yetu, kuanzia kilomita kama 60 kwenda juu, jua linang'oa elektroni za hewa, huko juu kuna tabaka za plazma. Ile ya chini kabisa inameza mawimbi ya kati na baadhi ya mawimbi mafupi, lakini jua likizama elektroni zake zinarudi kwenye atomu na tabaka linapotea, linabaki lile la kilomita 250 hadi 400 ambalo linayarudisha mawimbi ardhini, yanaruka nchi hadi nchi mpaka kwako. FM iko megahezi 88 hadi 108, inalitoboa hilo tabaka ikaenda zake angani, kwa hiyo inakwenda moja kwa moja kama macho yanavyoona, na kati yako na Mbeya mjini kuna Mlima Rungwe. Pandisha antena.

Kamwene mwalimu! Niko Ipogolo, Iringa. Umeme wa plazma kama wa jua utafika lini tuachane na mgao?

Kamwene! Huo ni wa kuunganisha viini vya atomu za haidrojeni kama jua linavyofanya, na unahitaji plazma ya nyuzi milioni 150, mara kumi ya kitovu cha jua, iliyoshikwa na sumaku isiguse ukuta. Mtambo mkubwa unaojengwa ni ITER, kusini mwa Ufaransa. Tarehe 5 Desemba 2022 maabara ya NIF kule California ilitumia leza zenye megajuli 2.05 ikavuna 3.15, dunia ikashangilia na ilistahili, lakini 3.15 haifikii yuniti moja ya LUKU, ambayo ni megajuli 3.6 za umeme, na leza zenyewe zilivuta megajuli kama 300 kutoka gridi. Mtambo wa JET wa Uingereza mwaka 2023 ulitoa megajuli 69 kwa sekunde 5, yaani yuniti 19 hivi, na ndani yake ulitumia miligramu 0.2 tu za mafuta, yaani hiyo haidrojeni. Kwa hiyo nguvu ipo, na mafuta kidogo yanatosha, kinachosumbua ni kuishika kwa muda mrefu kwa gharama ndogo. Hakuna kituo duniani kinachouza umeme huo leo, kwa mgao tafuta sola.