Kabla hujaacha ukatibu wa tawi ukagombee udiwani

Juzi kijana mmoja, katibu wa tawi la chama cha wafanyakazi kiwandani kwao, alinipigia. "Shikamoo mzee. Nataka udiwani, unanishaurije?" Nikamwambia gombea, ila soma kwanza habari za Rashidi Kawawa, na usiishie palipo patamu.

Patamu tunapajua. Mtumishi wa serikali, akawa katibu mkuu wa kwanza wa TFL, shirikisho la vyama vya wafanyakazi Tanganyika, mwaka 1955. Januari 1962 Nyerere alipojiuzulu, Kawawa akawa Waziri Mkuu.

Pachungu ni mwaka huohuo wa 1962. Serikali yake ilipitisha sheria iliyoufanya mgomo halali kuwa jambo la nadra. Waliokuwa wenzake TFL wakamkuta upande wa pili wa meza. Mwaka 1964, baada ya maasi ya jeshi, TFL ikavunjwa, ikaja NUTA, chama kimoja cha wafanyakazi chini ya TANU, chama tawala, na katibu mkuu wa NUTA, Michael Kamaliza, ndiye huyohuyo Waziri wa Kazi. Unamdai nani hapo?

Simwiti Kawawa msaliti. Siwezi, maana yamenikuta. Nilikuwa katibu wa tawi miaka tisa, kisha diwani muhula mmoja. Mwaka wa pili wafagiaji wa soko walikuja kudai malimbikizo yao. Nilikuwa kamati ya fedha. Nikajisikia nasema, "Bajeti hairuhusu," maneno yaleyale ya meneja wangu wa zamani. Mama mmoja alinitazama, akakaza kanga yake, akatoka.

Kwa hiyo, mdogo wangu, itisha mkutano wa tawi kabla hujachukua fomu. Waambie wazi kwamba ukishinda, mwajiri wao naye atakuwa mwananchi wako. Kabidhi ofisi kwa maandishi: mkataba wa hali bora kati ya chama na mwajiri, kesi zilizoko CMA (Tume ya Usuluhishi na Uamuzi), hesabu za ada. Mimi niliondoka na kila kitu kichwani, tawi likalala. Na fedha ya chama cha wafanyakazi usiipeleke kwenye kura za maoni za chama cha siasa hata shilingi. Wajumbe watakula, na kura hawatakupa.

Kijana alisikiliza, kisha akauliza kama wale wafagiaji walilipwa. Walilipwa nusu, miezi minane baadaye, walipogoma.